Fidia ya ardhi Tanzania: 'Kupunjwa' huanzia wapi?

Serikali ikitaka eneo la kupitisha barabara au kupanua uwanja wa ndege, inaweza kulitwaa hata kama mwenyewe hataki. Sheria ya Utwaaji Ardhi ya 1967 inampa Rais mamlaka hayo, na ni wachache wanaoyabishia. Ugomvi huwa kwenye hela: ni ngapi, na zinalipwa lini?

Sheria ya Ardhi Na. 4 ya 1999 inataka fidia iwe kamili, ya haki na ilipwe kwa wakati. Ni maneno matatu tu, lakini kesi nyingi za ardhi zimezaliwa hapo.

Zamani hali ilikuwa ngumu zaidi. Mtu alilipwa nyumba na miti yake, ardhi yenyewe ikahesabiwa kama haina bei. Mwaka 1994, katika shauri la Mwanasheria Mkuu dhidi ya Lohay Akonaay, Mahakama ya Rufani ilisema haki ya ardhi ya kimila nayo ni mali inayolindwa na Ibara ya 24 ya Katiba, na kwamba fidia ya haki haiishii kwenye maendelezo peke yake.

Nini kinahesabiwa?

Kanuni za fidia za 2001 zinaanza na bei ya soko ya ardhi pamoja na vilivyomo. Juu yake huongezwa posho ya usumbufu, ya usafiri, ya makazi na ya kupoteza faida kwa mwenye biashara.

Chukua mfano wa nyumba na kiwanja vyenye thamani ya Sh10 milioni. Posho ya usumbufu hufuata wastani wa riba ambayo benki hutoa kwa amana ya miezi 12. Ikiwa ni asilimia 8, hiyo ni Sh800,000. Posho ya makazi ni kodi ya mwezi mara 36, kwa hiyo nyumba ambayo ingepangishwa kwa Sh100,000 inaongeza Sh3.6 milioni. Usafiri ni gharama ya kuhamisha tani 12 za mizigo ndani ya kilomita 20.

Mwenye kiwanja kitupu hapati posho za usafiri, makazi wala faida. Wengi hulijua hili siku ya malipo, na hapo ndipo kelele zinapoanza.

Nyumba za zamani nazo zina utata wake. Mthamini akikosa mauzo ya kulinganisha, hukadiria gharama ya kujenga nyumba kama hiyo, kisha kwa kawaida hupunguza kiasi kwa ajili ya uchakavu. Lakini duka la vifaa halimuuzii mtu saruji iliyochakaa. Miradi inayofadhiliwa na Benki ya Dunia hutakiwa kulipa gharama ya kujenga upya bila kukata uchakavu, hivyo wenye nyumba zinazofanana wanaweza kulipwa tofauti kwa sababu tu mradi uliowakuta si mmoja.

Muda ndio unaokula fidia

Tathmini ikishafanyika, kinachojengwa au kupandwa baadaye hakihesabiwi. Mwenye nyumba anakaa njia panda: bati linavuja, lakini akilibadilisha anatupa pesa. Akienda benki kukopa, nani atapokea dhamana ya nyumba inayosubiri kuvunjwa? Huku bei za viwanja kule anakotaka kuhamia hazimsubiri.

Jijini Dar es Salaam, wakazi wa Kipawa, Kigilagila na Kipunguni walifanyiwa tathmini mwaka 1997 kupisha upanuzi wa uwanja wa ndege. Zaidi ya miaka 20 baadaye, Kipunguni bado kulikuwa na watu wanaodai. Mtoto aliyezaliwa mwaka wa tathmini alikuwa mtu mzima.

Sheria ya uthamini ya 2016 ililenga tatizo hilo. Fidia isipolipwa ndani ya miezi 6 baada ya Mthamini Mkuu wa Serikali kuidhinisha, inaanza kudaiwa riba. Ikipita miaka 2, tathmini inatakiwa kurudiwa. Riba yenyewe ni ya kiwango cha amana za benki, na viwanja vya pembezoni mwa mji hupanda haraka kuliko hapo.

X nyekundu, X ya kijani

Kwenye barabara, swali ni nani alitangulia. Sheria ya Barabara ya 2007 ilipanua hifadhi ya barabara kuu kutoka mita 22.5 hadi 30 kila upande. Aliyejenga kihalali kabla ya hapo, nje ya mita 22.5, barabara ndiyo iliyomfuata, hivyo huwekewa X ya kijani na anastahili fidia. Aliyeifuata barabara hupata X nyekundu na kutakiwa kuondoka bila malipo.

Si kila mahali ni mita 30. Mwaka 2017 nyumba kati ya Kimara na Kiluvya zilivunjwa kwa maelezo kwamba hifadhi ya Barabara ya Morogoro pale ni mita 121.5 kila upande. Baadhi ya waliovunjiwa walishapeleka malalamiko mahakamani.

Asiyeridhika aende wapi?

Karatasi ndiyo mwanzo wa dai. Kwa kawaida fomu ya siku ya ukaguzi huonyesha vilivyohesabiwa, si kiasi cha pesa, ambacho huja baadaye kwenye jedwali la fidia. Asiyebaki na nakala ya fomu hiyo atapata taabu kuthibitisha kwamba minazi ilikuwa 14, si 4.

Pande mbili zisipoelewana ndani ya wiki 6 tangu tangazo la kutwaa ardhi, sheria ya 1967 inaruhusu kwenda mahakamani. Ila kuishtaki Serikali kunahitaji notisi ya siku 90 kwanza. Kupokea hela huku mtu akikusudia kupinga kiasi kunahitaji tahadhari: pingamizi liandikwe, na nakala yake igongwe muhuri wa ofisi iliyoipokea, kabla ya kusaini malipo.