Kuazima Sauti

Katika orodha ya istilahi za senema iliyotolewa na jopo moja la wataalamu, ambalo niliwahi kuliandikia nisijibiwe, mwigizaji wa opera katika filamu anayeimbiwa na mtu mwingine ameitwa "msawazisha midomo", jina ambalo, kwa yeyote aliyepata kumtazama Magda Vášáryová, Mslovakia aliyeigiza Rusalka na kisha, mwaka 1988, Tatiana wa Eugene Onegin katika filamu za Petr Weigl, ni dhuluma iliyo dhahiri. Sauti ya Tatiana huyo ni ya Teresa Kubiak, iliyorekodiwa mwaka 1974 chini ya uongozi wa Solti. Na kazi ya kuibeba sauti ya namna hiyo haikomei midomoni, kwani pumzi sharti ivutwe kabla ya neno, na shingo ikazwe sauti inapopanda, la sivyo mtazamaji hung'amua mara moja.

Mimi nasema mwazima sauti. Mwenzangu mmoja, ambaye elimu yake ya Kiarabu ni ya kukisia, amedai kuwa neno hili ni nduguye azimio na azima ya mganga, hivyo lina harufu ya uchawi. Hasha! Hayo mawili yametokana na mzizi wa Kiarabu wenye maana ya nia thabiti, nacho kitenzi chake, kuazimu, kimebaki na irabu ya ugenini kama kusafiri na kuhesabu. Kuazima ni kitenzi cha Kibantu, na Waswahili wamekitofautisha na kukopa kwa hekima kubwa, maana aliyekopa kibaba cha unga hulipa unga mwingine, bali aliyeazima jembe hurudisha jembe lile lile. Ndivyo sauti ya Renata Tebaldi, aliyoibeba Sophia Loren katika Aida ya mwaka 1953, hali hajatimiza miaka 20, ilivyobaki kuwa ya Tebaldi. Na wanaonitajia methali ya nguo ya kuazima wajue kuwa inamsuta mwenye kujigamba kwa cha mwenziwe, ilhali jina la Tebaldi limeandikwa katika filamu hiyo hiyo.

Matumizi ni mepesi: mwazima sauti, waazima sauti, aliyeimba aitwe mwenye sauti. Ama walioigiza kwa sauti zao wenyewe, kama Robert Rounseville na Ann Ayars katika The Tales of Hoffmann ya mwaka 1951, hao hawahitaji istilahi mpya, ni waimbaji.