London Yakaribia Miaka 2,000: Historia Fupi ya Jiji la Daraja na Daftari

Jiji la London halina siku ya kuzaliwa inayojulikana. Warumi walioliasisi hawakuacha jiwe la msingi wala tamko la mtawala. Wanahistoria wanakubaliana tu kwamba makazi ya kwanza yalisimama miaka michache baada ya majeshi ya Kaisari Klaudio kuivamia Uingereza mwaka 43, pengine kati ya mwaka 47 na 50. Kwa hesabu hiyo, karne hii haitafika mbali kabla jiji halijatimiza miaka 2,000, na sisi tuliokula chumvi yake tumeona tusingoje siku ifike ndipo tuanze kukimbizana na kalamu. Kurasa hizi zimeandikwa na mmoja wa waliopata kuendesha mabasi yake mekundu. Msomaji atakayeona mapenzi yamezidi mahali fulani atajua yametoka wapi.

Waasisi na daraja lao

Kwa nini hapa na si kwingine? Jibu ni mto Thames. Kusini mwake palikuwa na matope na visiwa vidogo vidogo, lakini kaskazini palisimama vilima viwili vya ardhi ngumu, panapoitwa leo Cornhill na Ludgate Hill. Hapo mto ulikuwa mwembamba kiasi cha kuvukwa kwa daraja la mbao, tena maji ya bahari yalipanda mpaka hapo yalipojaa. Watu wa pwani hawahitaji kuelezwa faida ya jambo hilo: jahazi linaingia na maji yakijaa, linatoka na maji yakipwa, bila kumchosha mpiga makasia. Pwani ikakutana na bara mahali pamoja, na palipo na daraja na gati, wafanyabiashara hawakosi.

Hao ndio waasisi halisi wa London. Hawakuwa wafalme, walikuwa wachuuzi, mawakala na makarani kutoka pande mbalimbali za dola ya Kirumi, wengi wao wageni wasiokuwa na kwao hapo. Tunawajua kwa majina kwa sababu ya bahati moja kubwa. Kati ya mwaka 2010 na 2014, mafundi walipokuwa wakichimba msingi wa jengo la Bloomberg karibu na Cannon Street, wanaakiolojia walikuta katika tope la kijito cha zamani cha Walbrook vibao 405 vya mbao. Zamani vibao hivyo vilipakwa nta, na mwandishi alichora herufi kwa kalamu ya chuma. Nta imekwisha kuoza, lakini ncha ya kalamu iliuma mpaka kwenye mbao, na mikwaruzo hiyo ndiyo inayosomwa leo.

Kibao kimoja kina tarehe 8 Januari mwaka 57. Mtu aitwaye Tibullus, mtumwa aliyeachiwa huru na Venustus, anakiri kwamba anadaiwa na Gratus, naye mtumwa aliyeachiwa huru na Spurius, dinari 105, bei ya bidhaa zilizouzwa na kukabidhiwa. Basi! Hati ya kale kuliko zote yenye tarehe katika Uingereza nzima si sala wala amri ya jeshi. Ni deni la dukani kati ya watu wawili waliokuwa watumwa. Kama Tibullus alilipa au alijificha, kibao hakisemi. Lakini anayetaka kuijua tabia ya London aanzie hapo.

Mwaka 60 au 61 likaja pigo la kwanza. Boudica, malkia wa kabila la Iceni, aliyedhulumiwa yeye na mabinti zake, aliushukia mji na kuuteketeza. Wachimbaji wa misingi hadi leo hukuta chini kabisa tabaka jekundu la udongo uliochomwa na moto huo. Pigo hilo lingetosha kuufuta mji mwingine. Huu haukufutika: kibao cha tarehe 21 Oktoba mwaka 62 ni mkataba wa kuleta London mizigo 20 ya vyakula kutoka Verulamium, mji ulio jirani na St Albans ya leo, ambao nao ulikuwa umechomwa katika uasi uleule. Majivu hayajapoa vizuri, watu wameshaandikiana mkataba.

Hapo lazima atajwe mpendwa wetu, Classicianus, msimamizi wa fedha aliyeletwa baada ya uasi. Wakati gavana alikuwa bado anataka kulipiza kisasi, yeye aliandika Roma kuomba upole. Alifia kazini, na mkewe, Julia Pacata, alimjengea kaburi la heshima. Mawe yake yalipatikana Tower Hill, vipande kwa vipande, na sasa yako British Museum. Wengine wana sanamu kubwa zaidi. Sisi tunaona huyu ndiye aliyestahili.

Karibu na mwaka 200 Warumi waliuzungushia mji ukuta wa mawe yaliyoletwa kwa mashua kutoka Kent, na ukuta huo ndio uliochora mipaka ya jiji kongwe, lile ambalo wenyeji huliita maili ya mraba.

Kutoka ukiwa mpaka uhuru wa mji

Warumi walipoondoka mwanzoni mwa karne ya 5, mji ndani ya ukuta ulikaa kimya kwa muda mrefu. Wasaksoni walipendelea kufanya soko lao nje, upande wa magharibi, panapoitwa leo Aldwych. Mwaka 604 askofu Mellitus aliwekewa kanisa la Mtakatifu Paulo, na tangu hapo jina hilo halijahama kilimani. Mwaka 886 mfalme Alfred aliwarudisha watu ndani ya ukuta kujikinga na Waviking.

Lakini fahari yetu hasa ni kipande kidogo cha ngozi. Ni hati ya mwaka 1067. William wa Normandy alikuwa ameishinda Uingereza, lakini London hakuivamia, alielewana nayo. Katika mistari michache, iliyoandikwa kwa lugha ya wenyeji na si kwa Kifaransa chake, anamsalimu askofu, anamsalimu liwali wa mji na wakazi wote, na kuwaahidi sheria zao za zamani na kwamba kila mtoto atamrithi babaye. Baadaye alijenga ngome ya Tower pembeni, kwa tahadhari. Hata hivyo ahadi ilikuwa imeshaandikwa, na jiji limeitunza ngozi hiyo mpaka leo.

Mwaka 1176 padri Peter wa Colechurch alianza kujenga daraja la mawe. Kazi ilichukua miaka 33. Mwenyewe alifariki mwaka 1205 kabla halijakamilika, akazikwa katika kanisa dogo lililokuwa juu ya daraja lenyewe. Lilikuwa na matao 19, na juu yake maduka na nyumba zilizobanana hata mpita njia akasahau kwamba chini kuna maji. Lilitumika mpaka mwaka 1831. Yaani lilifanya kazi kwa zaidi ya miaka 600!

Mwaka 1189 jiji lilimpata meya wake wa kwanza, Henry Fitz-Ailwin, aliyeshika kazi hiyo mpaka kufa kwake mwaka 1212. Mfalme John alipobanwa kutia muhuri Magna Carta mwaka 1215, uhuru wa London uliandikwa ndani yake.

Na Whittington je? Watoto wa Uingereza wanamjua kama kijana maskini aliyetajirika kwa sababu ya paka wake. Ukweli ni kwamba alitoka katika familia ya wenye ardhi, akawa mfanyabiashara wa vitambaa vya thamani, akawakopesha fedha wafalme watatu, na akashika umeya mara 4. Sisi tunamsifu kwa jambo ambalo wasimulizi wa paka hulisahau: fedha zake zilijenga choo cha umma chenye nafasi 128, nusu za wanaume na nusu za wanawake, kilichosafishwa na maji ya mto kila yalipojaa. Kiongozi anayekumbuka haja za watu wake hata akiwa kaburini, huyo ni kiongozi.

Tauni, moto na mafundi

Miaka ya majaribu haikukosekana, na tuipite kwa adabu. Tauni ya mwaka 1348 iliwapunguza wakazi sana, na ile ya mwaka 1665 ilichukua watu wanaokadiriwa kufikia 100,000. Usiku wa kuamkia tarehe 2 Septemba 1666 moto ulianza katika tanuri la mwokaji mikate wa Pudding Lane, ukawaka siku nne, ukala nyumba 13,200 na makanisa 87. Wapo waliotaka kuupanga mji upya kwa barabara pana zilizonyooka; wenye viwanja hawakungoja, kila mmoja alirudi kujenga pale pale, safari hii kwa matofali. Ndiyo maana dereva wa basi hadi leo anakata kona zilizokatwa na mikokoteni. Christopher Wren alijenga upya makanisa 51 na kanisa kuu la Mtakatifu Paulo lenye kuba tunaloliona sasa.

Biashara ikafungua bahari zote. West India Docks zilifunguliwa mwaka 1802 kupokea sukari. Sukari hiyo ilikuwa na jasho na machozi ya watumwa wa Karibi, na makumbusho yaliyomo leo ndani ya ghala la zamani yanaeleza habari hizo kirefu kuliko inavyowezekana hapa. Jiji lilikuwa na watu kama milioni 1 sensa ya mwaka 1801 ilipofanywa, na milioni 6 na nusu miaka mia moja baadaye.

Watu wote hao walinywa mto uleule waliouchafua. Mwaka 1854 daktari John Snow alionyesha kwamba kipindupindu cha Soho kilitoka kwenye pampu ya Broad Street. Mwaka 1858 mto ulinuka hata mapazia ya Bunge yakalowekwa dawa ya chokaa ili wabunge waweze kukaa. Ndipo mhandisi Joseph Bazalgette alipopewa idhini, akajenga mifereji mikuu ya majitaka yenye urefu wa kilomita 132 hivi, ambayo bado inafanya kazi chini ya miguu ya watalii. Tarehe 10 Januari 1863 treni ya kwanza ya abiria ya chini ya ardhi duniani ilianza safari kutoka Paddington mpaka Farringdon.

Watu wetu

Sultani Barghash bin Said wa Zanzibar alilitembelea jiji mwaka 1875 na kupokewa na Malkia Victoria. Chuo cha SOAS kilipofungua milango mwaka 1917, Kiswahili kilikuwamo, kikifundishwa na Alice Werner. Jomo Kenyatta alisoma London School of Economics na kuchapisha kitabu chake juu ya Wakikuyu mwaka 1938. Kisha vita vikaja: mabomu ya Wajerumani yaliyoanza tarehe 7 Septemba 1940 yalilipiga jiji usiku 57 mfululizo. Kuba la Mtakatifu Paulo likabaki limesimama, na jiji likajenga tena, kama ilivyo desturi yake.

Tarehe 27 Juni 1957 BBC ilianza matangazo ya Kiswahili, na kwa miaka mingi jina la Bush House, jengo yalikotoka matangazo hayo, lilijulikana vijijini kwetu kuliko la Buckingham. Pale Lancaster House, mwaka 1960, 1962 na 1963, wajumbe wa Kenya walijadili katiba ya uhuru. Na ilikuwa katika hospitali ya St Thomas', ukingoni mwa Thames, ambako Mwalimu Nyerere alifariki dunia tarehe 14 Oktoba 1999.

Miaka ya karibuni kwa ufupi

1965: Baraza la London Kuu laanza kazi.
1981: Mbio za marathoni za London zafanyika mara ya kwanza.
1986: Baraza la London Kuu lavunjwa, baada ya kutofautiana na serikali.
2000: Ken Livingstone achaguliwa meya wa kwanza wa London nzima kwa kura za wananchi.
2005: Jiji lapewa Olimpiki tarehe 6 Julai, kesho yake, msiba wa mabomu, watu 52 wauawa.
2012: Michezo ya Olimpiki. David Rudisha wa Kenya akimbia mita 800 kwa dakika 1:40.91, rekodi ya dunia. Stephen Kiprotich wa Uganda atwaa dhahabu ya marathoni.
2016: Sadiq Khan, mtoto wa dereva wa basi, achaguliwa meya.
2017: Moto wa Grenfell Tower, roho 72.
2019: Eliud Kipchoge ashinda marathoni ya London kwa mara ya 4.
2022: Reli ya Elizabeth yafunguliwa.

Neno kwa wasomaji

London haikudumu kwa sababu ya ukuta wala wafalme. Imedumu kwa sababu kila ilipoungua, watu wake, wengi wao waliotoka mbali, walirudi sokoni siku inayofuata, tena waliandika. Jina lisiloandikwa halikusalia.

Basi Waswahili wa London, zamu ni yetu. Tumeendesha mabasi, tumeuguza wagonjwa, tumesoma habari redioni, tumezika wazee wetu hapa, na mengi ya hayo yamo vichwani tu. Msitupe barua za zamani, picha za arusi wala vitabu vya mahesabu vya vyama vya kuzikana. Andikeni majina na tarehe nyuma ya kila picha, kisha waulizeni watunzaji wa nyaraka za jiji pale Clerkenwell namna ya kuzihifadhi. Anzeni na wazee walio hai, mwaka huu, kabla ya sherehe za miaka 2,000.