Ludwig Göransson: Mswidi aliyebisha hodi Afrika kabla ya kuitungia muziki

MTUNZI wa muziki wa filamu hufanya kazi ambayo watazamaji wengi huihisi pasipo kuitambua. Miongoni mwa waliovuma katika fani hiyo karne hii ni Ludwig Göransson, aliyezaliwa Septemba 1, 1984, mjini Linköping, Uswidi.

Babake, mwalimu wa gitaa, ndiye aliyemfunza ala hiyo utotoni. Baada ya masomo katika Chuo cha Kifalme cha Muziki jijini Stockholm, alijiunga na Chuo Kikuu cha Southern California, Marekani. Huko alikutana na Ryan Coogler, aliyekuwa akisomea uelekezi wa filamu, akamtungia muziki wa filamu fupi ya masomo. Ushirikiano huo ulizaa Fruitvale Station (2013), Creed (2015) na Black Panther (2018).

Riziki yake ya mwanzo ilitoka kwenye runinga. Kuanzia 2009 alitunga muziki wa kipindi cha vichekesho, Community. Miaka kumi baadaye alipewa The Mandalorian, kazi iliyomletea tuzo za Emmy mnamo 2020 na 2021.

Hata hivyo, mtihani wake mkubwa ulikuwa Black Panther. Wakanda, nchi ya kubuni ambamo Mkenya Lupita Nyong'o aliigiza, ilihitaji sauti ya Kiafrika. Ingekuwa rahisi kuketi studioni na kubahatisha midundo. Göransson alifunga safari.

Nchini Senegal aliandamana na mwimbaji Baaba Maal katika ziara zake, akisikiliza na kurekodi. Hapo ndipo alipoijua tama, ngoma inayobanwa kwapani: kamba zikikazwa sauti hupanda, zikilegezwa hushuka, mithili ya mtu anayezungumza. Massamba Diop aliipiga kwa namna ya kulitamka jina la mfalme T'Challa. Naye hasimu wa mfalme, Killmonger, alipewa filimbi ya Wafulani iliyopulizwa na Amadou Ba.

Kisha alizuru Afrika Kusini, kwenye Maktaba ya Kimataifa ya Muziki wa Afrika iliyoasisiwa na Hugh Tracey mnamo 1954. Humo zimehifadhiwa rekodi za jamii nyingi za bara hili, zikiwemo za Kenya.

Februari 2019 alitwaa Oscar kwa kazi hiyo. Mwezi uo huo, wimbo This Is America aliouandaa pamoja na Childish Gambino ulishinda tuzo kuu ya Grammy ya rekodi ya mwaka. Oscar ile ina jina la mtu mmoja, lakini sauti zilizoishinda zilitoka katika mikono na pumzi za wengi. Ndiyo maana ni haki msomaji awajue Diop na Ba pia.

Mwelekezi Christopher Nolan alimwita kwa Tenet (2020), kisha Oppenheimer (2023), filamu kuhusu mwanafizikia aliyeongoza uundaji wa bomu la atomiki. Safari hii fidla ndiyo iliyobeba wasiwasi wa mhusika, na sehemu nyingi zilipigwa na mkewe, Serena. Oscar ya pili ilifuata Machi 2024.

Katika Sinners (2025), inayosimulia Mississippi ya 1932, alirejea kwa Coogler na kwa gitaa. Alitumia gitaa lililoundwa mwaka huo huo wa 1932 kupiga bluzi, muziki ambao mizizi yake inafika Afrika Magharibi, alikokwenda kujifunza miaka kadhaa kabla.