Jackline: Asili, Maana na Tahajia ya Jina la Kisasa

Wahakiki wa fasihi tunapenda sana kujadili majina ya wahusika. Tukimsoma Shaaban Robert hatufiki mbali kabla ya kuuliza kwa nini Adili akaitwa Adili. Lakini majina ya watu tunaokaa nao bwenini tunayapita tu, na tukiyagusa basi ni kwa kuyacheka. Katika makala hii nimelichukua jina moja ambalo limejaa Arusha, kuanzia huku kando ya mto Themi ninakoishi mpaka vijiji vya juu mlimani Meru. Jina lenyewe ni Jackline. Ni jina langu pia, kwa hiyo msomaji asishangae akiniona nalitetea.

Swali ninalotaka kulijibu ni hili: Je, Jackline ni Jacqueline lililokosewa, au ni jina kamili lenye haki yake? Wanaosema limekosewa ni wengi, na baadhi yao ni wasomi. Hoja yao ni nyepesi: Wafaransa wenye jina wanaandika hivi, wewe unaandika vile, basi wewe ndiye uliyekosea. Tuitazame historia kwanza.

Jina hili lilianzia kwenye Kiebrania, Ya'aqov. Wagiriki wakalifanya Iakobos, Walatini Iacobus. Katika Kilatini cha baadaye likagawanyika: wengine waliendelea na Jacobus, wengine wakatamka Jacomus. Tawi hili la pili ndilo lililozaa James la Waingereza. Ndiyo maana Biblia ya Kiingereza ina Jacob na James, wakati Biblia yetu ya Kiswahili ya mwaka 1952 inawaita wote Yakobo tu. Waislamu wa pwani wanasema Yakubu. Wafaransa nao walifika kwenye Jacques, jina lililoenea mno vijijini hata maasi ya wakulima ya mwaka 1358 kaskazini mwa Ufaransa yakaitwa Jacquerie, kutokana na jina la dharau ambalo mabwana waliwapachika wakulima.

Kutoka Jacques wakapata la kike, Jacqueline. Mmoja wa walioliitwa ni Jacqueline Pascal (1625–1661), mshairi aliyeingia utawa, dada yake Blaise Pascal. Katika karne ya 20 jina lilisikika dunia nzima kwa sababu ya Jacqueline Kennedy, mke wa Rais wa Marekani kati ya 1961 na 1963.

Kwa hiyo kabla jina halijafika Meru lilikwisha kubadilishwa tahajia na kila taifa lililolipokea. Hakuna aliyemwambia Mfaransa kwamba Jacques ni Iacobus lililokosewa. Mbona sisi ndio tuambiwe?

Hapa mlimani mabadiliko yana tarehe zake. Wamisionari Walutheri wa Leipzig walifika Meru mwaka 1896, na wawili wao, Ewald Ovir na Karl Segebrock, waliuawa Akeri mwaka huohuo. Misheni ilirudi na kujengwa Nkoaranga mwaka 1902, kisha Ilboru mwaka 1904. Mjerumani huandika Jakob lakini hutamka Yakob. Basi Yakobo, Yohana na Yosefu ya ibada yalikaa vizuri mdomoni mwake. Waingereza walipoiteka Arusha mwaka 1916, J yao ikaanza kusikika shuleni na ofisini: John, Joseph, Jackson. Hata Kirilo Japhet, kiongozi wa Wameru aliyekwenda Umoja wa Mataifa, New York, mwaka 1952 kudai ardhi ya Engare Nanyuki, jina lake la pili lina tahajia ya Kiingereza. Katika Biblia ya Kiswahili ya mwaka uleule ni Yafethi. Nionavyo mimi, majina ya mlima huu yana tabaka mbili: tabaka la Y la babu zetu na tabaka la J la wazazi wetu. Babu Yakobo anaweza kumpakata mjukuu Jackline, na wote wawili wasijue kwamba wana jina moja!

Sasa tuje kwenye maana. Msomaji wa Mwanzo 25:26 anajua kwamba Yakobo alizaliwa ameshika kisigino cha pacha wake, na Kiebrania kinalicheza jina hilo na neno la kisigino. Katika sura ya 27 Esau analigeuza kuwa lawama: ndugu huyu ameninyang'anya mara mbili. Si jina la sifa, ati. Kiarabu nacho kina mzizi huohuo, wenye maana ya kisigino na ya kinachofuata nyuma. Neno letu akiba linahusishwa na mzizi huo, yaani kitu kinachobakizwa kwa ajili ya baadaye. Mimi binafsi nimeipenda maana hii kuliko ile ya kunyang'anya.

Lakini ni lazima tukubali kwamba mzazi wa Themi anapomwita bintiye Jackline hafikirii kisigino wala akiba. Hapo jina hili linatofautiana na majina mengine ya hapa. Namelok kwa Kimaasai husikika mara moja kuwa ni mtamu, na Nashipae ni wa furaha. Elibariki limeunganisha jina la Mungu la Kiebrania na kitenzi cha Kiswahili, na kila mtu analielewa. Jackline halisemi kitu kwa sikio la hapa. Linachosema ni wakati: kwamba mzazi alitaka mtoto wake awe wa zama za shule, redio na mji. Hiyo nayo ni maana, tena maana ya kihistoria.

Tahajia ndiyo yenye utamu. Alfabeti ya Kiswahili haina q. Mzazi au karani aliyelisikia jina akaliondoa q pamoja na msururu wa vokali unaoifuata. Badala yake akaweka Jack, neno alilokwisha kuliona. Kumbe Jack la Waingereza kwa asili ni kifupi cha John, yaani Yohana, si cha Jacques! Kwa hiyo Jackline ana babu Yakobo na mjomba Yohana ndani ya jina moja. Aliyeandika hakwenda mpaka mwisho pia. Angefuata Kiswahili sawasawa tungepata Jaklini. Aliacha ck na akaacha e isiyotamkwa, kama ya Caroline. Jina limesimama katikati ya njia, kama wengi wetu tulivyosimama.

Wanafasihi wasilishangae jambo hili. Kezilahabi alipotoa riwaya yake mwaka 1971 alimpa mhusika mkuu jina la sifa ya Bikira Maria katika Kilatini, Rosa Mystica, lakini akaandika Rosa Mistika. Hakuna mhakiki aliyesema Kezilahabi hajui kuandika. Mwalimu Nyerere alipoirudia tafsiri yake ya Shakespeare mwaka 1969 aliiita Juliasi Kaizari. Ajabu ni kwamba yeye mwenyewe aliendelea kujiandika Julius. Jina la kitabuni alilitia Kiswahili, la kwake akaliacha.

Hata mahali petu ni hivyohivyo. Waarusha hujiita Ilarusa; Wajerumani wakaandika Aruscha. Mto wetu katika baadhi ya vitabu vya historia ni Temi, katika vibao vyetu ni Themi. Maji ni yaleyale.

Mtu atasema haya ni mambo ya kupitishia muda. Hapana. Cheti changu cha ubatizo kinasema Jackline. Shuleni karani mmoja "alinisahihisha" bila kuniuliza, nikafanya mtihani nikiwa Jacqueline. Miaka mingi baadaye, ofisini, niliambiwa kwamba hawa ni watu wawili, na nikalazimika kulipia hati ya kiapo kuthibitisha kwamba mimi ni mimi. Yule karani alidhani anarudisha usahihi. Alichofanya ni kunitenga na vyeti vyangu. Tahajia iliyo sahihi ya jina la mtu ni ile aliyopewa na waliomzaa na anayojiandikia mwenyewe. Kamusi haina kura hapo.

Katika Olimpiki ya mwaka 2024 Jackline Sakilu aliiwakilisha Tanzania katika marathoni ya wanawake. Mashindano yalikuwa Paris, nyumbani kwa Jacqueline. Aliingia na jina lake kama lilivyo, bila q, na likaandikwa hivyo katika orodha ya wakimbiaji. Kama Paris imeweza kuliandika, nadhani na makarani wetu wataweza. Nawaachia wasomaji na walimu wangu waendelee na mjadala, ila tafadhali, atakayenijibu aliandike jina langu kama nilivyoliandika.