Sekunde 1.12 Kabla ya Maji

Mwaka 1947, katika maabara moja jijini New York, mwanafunzi wa kemia alikuwa akimwaga unga mweupe kwenye maji na kuutazama ukitoweka. Unga huo unaitwa katekoli. Huyeyuka haraka ajabu: ukigusa tu maji, kwisha. Jamaa akaanza kuwaza. Je, kukiwa na kitu kinachoyeyuka haraka kuliko hiki, si kitafika mahali kiyeyuke kabla maji hayajakigusa?

Jina lake Isaac Asimov. Alizaliwa Urusi, akaletwa Marekani akiwa na miaka 3, akakulia Brooklyn akisaidia katika maduka ya peremende ya wazazi wake. Kufikia hapo alikuwa ashauza hadithi kadhaa za kisayansi kwa majarida, lakini shahada ya uzamifu ya Chuo Kikuu cha Columbia ilikuwa bado inamkodolea macho. Tasnifu za kemia huandikwa kwa lugha kavu, na yeye alikuwa mtu wa hadithi. Akaona afanye mazoezi ya ukavu huo. Akaandika ripoti ya utafiti ambao haujawahi kufanyika, yenye majedwali, grafu na marejeleo ya majarida ambayo hayapo.

Kitu alichobuni alikiita thiotimolini. Ili uelewe, waza sukari ambayo inayeyuka kikombeni kabla hujamimina chai. Si baada ya kumimina, na si wakati wa kumimina. Kabla. Asimov hakuishia kusema "kabla" halafu akaenda zake. Alitoa kipimo: sekunde 1.12.

Hiyo namba ndogo ndiyo iliyonishika. Watu wamebishana kuhusu kweli kinzani tangu enzi za Zeno wa Elea, yule Mgiriki wa karne ya 5 kabla ya Kristo aliyedai kwamba mkimbiaji hodari hawezi kumfikia kobe akishamwachia nafasi mbele. Lakini wengi walizikabili kwa maneno. Unapinga, napinga, tunalala. Asimov alizikabili kwa saa mkononi. Tokeo linatangulia chanzo, sawa, lakini linatangulia kwa muda gani? Muda huo unabadilika lini? Nani anaubadilisha?

Na hapo ndipo story inanoga. Kwenye ripoti yake, muda ule haukutegemea kemia peke yake. Ulitegemea pia mtu anayeshika chombo cha maji. Ukiwa umeamua kabisa kumimina, thiotimolini inayeyuka mapema, kwa muda wake wote. Ukiwa unasitasita, muda unapungua. Yaani unga unapima nia yako. Mwaka 1953 alirudi na ripoti ya pili, na safari hii akautumia unga huohuo kuchunguza akili na utashi wa binadamu. Katika maelezo ya baadaye akatoa hata sababu: atomu ya kaboni ina mikono minne ya kushikia atomu nyingine, na kwenye thiotimolini miwili iko hapa tulipo, mmoja umenyooshwa kwenye jana na mwingine kwenye kesho.

Bila shaka umeshajiuliza swali ambalo kila msomaji hujiuliza: je, nikingoja unga uyeyuke, halafu nikatae kumimina maji? Nani atanilazimisha? Asimov alilichukua swali hilo kwenye ripoti ya tatu, ya mwaka 1960. Jibu lake ni kwamba maji yatakuja tu, hata kama itabidi yaletwe na kimbunga. Ukijaribu kuihadaa, unaita mafuriko. Babu zetu walijua kitu karibu na hicho: ukishindwa kutegua kitendawili, unatoa mji. Fumbo lina bei yake.

Turudi 1948. Asimov aliogopa kwamba wasomi wa Columbia wangeona mzaha huo na kumwona si mtu wa maana, wakati anakaribia mtihani wa mwisho. Akamwomba mhariri wake, John W. Campbell, aichapishe ripoti kwa jina la kubuni. Campbell akakubali. Toleo la Machi la jarida la Astounding Science Fiction likatoka, na jina lililochapishwa hapo ni Isaac Asimov. Noma.

Tarehe 20 Mei 1948 akaingia kwenye mtihani wa mdomo. Maprofesa wakamsaga kwa maswali ya kemia halisi. Mwishoni kabisa Profesa Ralph Halford akamtaka aeleze kidogo tabia za thiotimolini. Asimov akaangua kicheko ambacho hakuweza kukizuia, ikabidi atolewe nje. Alielewa papo hapo: hakuna anayemtania mtu ambaye anapanga kumwangusha. Baada ya kitambo wakamwita Daktari Asimov. Ukipenda, sema kicheko chake kilijua matokeo kabla hayajatangazwa.

Wengine walimfuata. Terry Pratchett, Mwingereza aliyeanza kuchapisha vitabu vyake vya Discworld mwaka 1983, aliwapa wachawi wa dunia hiyo kizio cha kupimia uchawi, thaumu. Thaumu moja ni uchawi wa kutosha kuumba njiwa mmoja mdogo mweupe. Tunacheka kwa sababu tunaitambua sura hiyo: ndiyo sura ya kilo na mita, imevishwa upuuzi.

Lakini mimi nabaki na tukio jingine. Ripoti ile ilipotoka, kuna wasomaji waliokwenda Maktaba ya Umma ya New York kuuliza yale majarida ya kubuni. Hawakuwa wajinga. Waliona jedwali, desimali na marejeleo, wakaamini. Ukiwa na simu unaijua hali hiyo: "utafiti umeonyesha", asilimia mbili tatu, na shangazi ashaituma kwenye grupu zote za familia.

Tofauti ni hii. Asimov alisema uongo mmoja tu, akauweka juu ya meza mwanzoni kabisa, kisha akaufuata kwa uaminifu hadi ulikompeleka. Ukikubali kwamba unga huyeyuka kabla ya maji, mengine yote yanafuata bila kuiba. Uongo wa grupu hauna nidhamu hiyo. Unabadilika kila ukiuliza swali.

Kwa hiyo siku hizi nikikutana na namba yenye desimali, sianzi kwa kuuliza kama ni sahihi. Nauliza kwanza: nani alimimina maji, na alikuwa ameamua nini kabla ya kumimina?