Saratani ya Mtoto Inapofika Mfupani

Mwaka 1907 daktari Mskoti, Robert Hutchison, aliyekuwa akitibu watoto katika hospitali ya Great Ormond Street jijini London, alichapisha makala kuhusu wagonjwa wadogo waliofanana kwa namna ya kusikitisha. Jicho lilikuwa limetokeza nje. Kope zilikuwa zimevilia damu, kama za mtu aliyepigwa ngumi. Fuvu lilikuwa na vinundu ambavyo mama angeweza kuvipapasa akimsuka au kumwosha mwanawe. Watoto walipauka, wakadhoofika, wakafa. Miili ilipopasuliwa ilionekana kwamba maradhi hayakuanzia kichwani hata kidogo. Yalianzia tumboni, kwenye tezi ya adrenali, ile tezi ndogo inayokaa juu ya figo.

Miaka sita kabla yake, ng'ambo ya Atlantiki, William Pepper wa Philadelphia alikuwa ameeleza jambo jingine. Yeye aliona vichanga, wengine wa wiki chache tu, wenye tumbo lililojaa kwa sababu ini lilikuwa limevimba kupita kiasi. Nao walikuwa na uvimbe kwenye adrenali. Lakini mifupa yao ilikuwa salama.

Tezi ni ileile, na uvimbe ni wa namna moja. Kwa nini kwa huyu uende kwenye ini, na kwa yule uende kwenye fuvu? Swali hilo liliwashughulisha madaktari kwa zaidi ya miaka 60, na ninaliona kuwa miongoni mwa maswali yenye manufaa makubwa kupata kuulizwa katika tiba ya watoto, kwa sababu jibu lake lilikuja kuamua nani atibiwe kwa nguvu zote na nani aachwe apumzike.

Jibu la kwanza lilikuwa rahisi, nalo halikuwa sahihi. Katika maelezo ya Pepper uvimbe ulihusishwa na adrenali ya kulia, iliyo jirani na ini. Katika ya Hutchison, na ya kushoto. Mwaka 1911 Robert Frew alijaribu kulieleza jambo hilo kwa njia za limfu: za kulia zinaelekea kwenye ini, za kushoto zinapanda hadi kichwani. Maelezo hayo yalivutia kwa unyoofu wake, na vitabu vya tiba viliendelea kutaja “aina ya Pepper” na “aina ya Hutchison” kwa miongo kadhaa. Wagonjwa hawakuyatii. Uvimbe wa kulia ulifika kwenye fuvu, wa kushoto ukafika kwenye ini. Hata hivyo nisingependa wazee hao walaumiwe. Walichokiona kwa macho yao kilikuwa kweli. Tofauti waliyoiona ilikuwepo, ila haikutokana na upande wa mwili. Watoto wa Pepper walikuwa vichanga, na wengi wa Hutchison walikuwa wamekwisha kuvuka umri huo.

Maradhi yenyewe yalipata jina lake mwaka 1910, pale James Homer Wright wa Massachusetts General Hospital, Boston, alipokusanya kesi ambazo wenzake walikuwa wakiziita kwa majina mengine na kuonyesha kuwa ni jambo moja. Chini ya hadubini aliona seli ndogo, za mviringo, zenye kiini cheusi kilichojaza karibu seli nzima. Mahali pengine zilijipanga duara, na katikati ya duara hilo pakawa na nyuzi laini sana. Wright alizitambua nyuzi hizo: ni zile za neva zinazoanza kuota. Basi seli hizi zilikuwa neva changa zisizokomaa. Mtoto anapoumbwa tumboni, seli za namna hiyo husafiri kutoka sehemu ya mgongo kwenda kujenga kiini cha adrenali na neva zinazoongoza mapigo ya moyo na shinikizo la damu. Baadhi yao zikigoma kukomaa na kuendelea kuzaana, ndipo panapotokea neuroblastoma.

Kwamba seli hizo zinaweza kubadili mwenendo wake kulithibitika mwaka 1927. Harvey Cushing, bingwa wa upasuaji wa ubongo, pamoja na S. Burt Wolbach, walieleza uvimbe uliokuwa saratani kamili kisha, baada ya miaka, ukakomaa na kuwa uvimbe usio na madhara. Ni tukio ambalo saratani nyingine nyingi hazina mfano wake.

Mambo hayo yote yalikutana Philadelphia. Audrey Evans, daktari aliyezaliwa York, Uingereza, alifika huko mwaka 1969 akiitwa na C. Everett Koop, daktari wa upasuaji wa watoto. Pamoja na Giulio D'Angio, bingwa wa mionzi, waliwapitia upya vichanga waliokuwa wakiwasumbua akili: maradhi yamesambaa kwenye ini, kwenye ngozi kwa vinundu vya rangi ya buluu, hata kwenye uboho, nao wakapona, mara nyingine kwa dawa kidogo, mara nyingine bila dawa yoyote. Mwaka 1971 watatu hao walichapisha maelezo ya kundi hilo katika jarida la Lancet na kuliita hatua ya IV-S, yaani hatua ya nne iliyo maalumu. Kuingia katika kundi hilo kulikuwa na masharti. Mojawapo ndilo linalotuhusu hapa: picha ya eksirei isionyeshe mfupa wowote ulioliwa.

Sharti hilo linahitaji kuangaliwa kwa makini. Uboho umo ndani ya mfupa, lakini kuwa na seli chache za saratani kwenye uboho si sawa na kuwa na ganda gumu la mfupa lililobomolewa. Kwa kichanga, seli chache kwenye uboho zinaweza kutoweka zenyewe. Kanuni zilizofuata ziliweka mpaka wa chini ya asilimia 10 ya seli za uboho. Ndiyo maana mtoto anayechunguzwa hutobolewa sindano kwenye nyonga pande zote mbili: kiasi cha seli zilizomo hubadilisha hukumu. Ganda la mfupa likiguswa, mtoto anatoka katika kundi la wanaosubiriwa na kuingia katika kundi la wanaopiganiwa.

Mfupa hubomolewa vipi? Mfupa wa mtoto hai haukai kimya. Kuna seli zinazoubomoa na seli zinazoujenga upya, kila siku. Seli za neuroblastoma huja kwa njia ya damu, zikivutwa na kemikali ambazo uboho wenyewe huzitoa, na hutua kwenye mgongo, nyonga, fuvu na miisho ya mifupa mirefu. Watafiti wa Los Angeles, akiwemo Yves DeClerck, walionyesha mwaka 2005 kwamba saratani hii inaweza kuwatumia wenyeji: inazichochea seli za uboho zilizo jirani zitoe kemikali iitwayo interleukini-6, nayo huziamsha seli zinazobomoa mfupa. Saratani hutoa pia kitu kinachozikandamiza zile zinazojenga. Mfupa ukiliwa, unauma. Mtoto huchechemea, hulia akibebwa, hukataa kusimama.

Uchambuzi uliochapishwa mwaka 1999, uliohusu watoto 648 ambao maradhi yao yalikuwa yamesambaa, ulikuta uboho umeguswa kwa asilimia 70.5 na mfupa kwa asilimia 55.7. Mapafu yaliguswa kwa asilimia 3.3 tu. Kwa maradhi haya, basi, mfupa ni mojawapo ya makao makuu.

Tangu miaka ya 1980 jeni nazo zimeongeza maelezo. Uvimbe ambao nakala za jeni ya MYCN zimezidi mno huwa mkali, hata kwa kichanga. Mwaka 2009 wataalamu wa mataifa mbalimbali walipanua kundi lile maalumu hadi umri wa miezi 18, lakini sharti la mfupa hawakuliondoa. Kichanga wa kundi hilo, MYCN ikiwa ya kawaida, ana nafasi ya kupona inayokaribia 9 kati ya 10. Mtoto wa miaka mitatu mwenye mifupa iliyoguswa yuko katika hatari kubwa. Kwa dawa kali, upasuaji, seli za uboho anazorudishiwa, mionzi, isotretinoin inayozihimiza seli zikomae, na kingamwili ya dinutuximab iliyoidhinishwa Marekani mwaka 2015, karibu nusu ya watoto kama yeye huishi. Zamani walikuwa wachache mno.

Leo mifupa hufuatiliwa kwa picha ya MIBG, dawa yenye iodini ya mionzi inayofyonzwa na seli za maradhi haya. Mwili hugawanywa sehemu 10, tisa kati yake za mifupa, kila moja ikipewa alama 0 hadi 3. Baada ya mizunguko ya kwanza ya dawa, jumla ikibaki zaidi ya 2, madaktari wanajua njia iliyo mbele ni ngumu zaidi.

Kwetu Afrika Mashariki, jicho la mtoto likitokeza, daktari hufikiria kwanza saratani ya jicho, au limfoma ambayo Denis Burkitt aliieleza kutoka Kampala mwaka 1958. Ni sawa kufikiria hivyo. Lakini alichokiona Hutchison nacho kiwekwe mezani, maana matibabu yake ni tofauti, na kupapasa tumbo hakuhitaji mashine kubwa. Nawe mzazi, mtoto wako aliyekwisha kutembea akiacha kutembea, au akivilia damu kuzunguka macho bila kuanguka, usimpake dawa ya misuli ukangoja. Mpeleke hospitali, na uombe achunguzwe tumbo pia.