Maneno Yaliyoganda kwa Baridi

Tangu zamani wanadamu wamesikitikia jambo moja, nalo ni kwamba neno likiisha kutamkwa huenda zake. Maandishi hulishika neno, wala hatusemi kuwa hiyo ni kazi ndogo. Lakini barua ya marehemu haikohoi wala haicheki, na msomaji hajui kama aliyeandika "njoo" alikusudia upole au hasira. Basi kabla ya kuwako chombo chochote cha kuweka sauti, watu walikwisha kukibuni katika hadithi zao. Twataka kuzitazama hadithi hizo leo, kwa maana waliozitunga walifahamu mapema jambo ambalo mafundi walikuja kuliona baadaye sana, ya kuwa mtu aweza kuihifadhi sauti na maana yake ikampotea.

Plutarch, Myunani aliyeishi katika karne ya kwanza na ya pili baada ya Kristo, asimulia mzaha wa mtu mmoja jina lake Antiphanes. Huyo alisema kwamba uko mji wenye baridi kali hata maneno huganda mara yakitoka kinywani, na wakati wa joto ukija huyeyuka, ndipo watu wasikiapo yale waliyoambiana katika miezi ya baridi. (Wasomaji waionao theluji ya Kilima Njaro kwa mbali, na wafikiri imewashukia mpaka barazani.) Akawalinganisha na watu hao wanafunzi wa Plato, mwenye hekima wa Athens, maana waliyoambiwa wangali vijana, wengi wao hawakuyafahamu mpaka wamekuwa wazee.

Mwaka 1528 Mtaliana Castiglione alichapisha kisa cha mfanya biashara wa mji wa Lucca, aliyekwenda Poland kununua ngozi za manyoya. Kwa kuwa palikuwa na vita, wauzaji kutoka Moscow hawakuthubutu kuvuka mto Dnieper, wakapiga kelele kutaja bei wakiwa ng'ambo. Maneno yakaganda katikati ya njia. Wenzake wa Poland wakawasha moto mkubwa juu ya mto wenyewe, ambao ulikuwa barafu tupu, na baada ya saa nzima bei ikasikika. Lakini wauzaji walikuwa wamekwisha kwenda zao, na bei ilikuwa ghali mno. Naye hakuwa na mtu wa kupatana naye. Mtu aliyewahi kununua hata kuku sokoni ataona hasara yake: bei isiyojibika si bei.

Lakini aliyelitunga jambo hili vema kuliko wote, kwa maoni yetu, ni Mfaransa Rabelais, katika kitabu chake cha mwaka 1552. Jitu Pantagruel na wenzake wanasafiri baharini, na mara wanasikia sauti za watu wala hawaoni mtu. Nahodha awaeleza ya kuwa mahali pale palipiganwa vita kubwa wakati wa baridi uliopita, na vilio vya watu, na mlio wa silaha, na milio ya farasi, vyote viliganda hewani. Sasa joto limerudi, vinayeyuka. Pantagruel aokota maneno yaliyo bado magumu, ayatupa sitahani kwa konzi, nayo yafanana na peremende za rangi nyingi. Wakiyapasha joto viganjani, yayeyuka na kusema. Wayasikia barabara, ila hawayafahamu, kwa kuwa ni lugha ya kigeni.

Hapo msimulizi ataka kuyahifadhi maneno machache katika mafuta. Pantagruel amkataza, asema ni upumbavu kuweka akiba ya kitu kisichoadimika kamwe. Twathubutu kubishana na jitu hilo. Maneno hayapungui duniani, ni kweli. Lakini maneno ya mama aliyekufa hayapatikani tena popote.

Wengine walifuata. Karatasi moja ya masihara iliyochapwa Ufaransa mwaka 1632 ilitaja sifongo za nchi za mbali ambazo mtu huzisemea, akampelekea rafiki yake, naye akizikamua husikia ujumbe. Cyrano de Bergerac, katika kitabu kilichotoka mwaka 1657, aliwapa watu wa mwezini vitabu visivyo na kurasa wala herufi, vijisanduku vyenye mitambo kama ya saa, ambavyo husomwa kwa masikio.

Kisha ndoto ikaingia katika karakana. Mwaka 1857 mchapaji wa Paris, Édouard-Léon Scott, alionyesha chombo ambacho unywele wake mgumu uliichora sauti juu ya karatasi iliyopakwa masizi. Alitaka michoro ile isomwe kwa macho. Hakuwa na njia ya kuifanya iseme, na karatasi zake zikawekwa. Miaka 20 baadaye, mwaka 1877, Thomas Edison wa Marekani alifanya mashine iliyonena.

Mashine za namna hiyo zilifika pwani yetu pia, na mwaka 1928 Siti binti Saad wa Unguja alisafiri na wenzake mpaka Bombay kutia sauti zao katika santuri. Alifariki mwaka 1950, lakini sauti yake yasikika hata leo. Hata hivyo nyimbo zake kadha zahusu mambo yaliyotokea Unguja siku zile. Asiyesimuliwa mambo hayo husikia sauti tamu, asipate kile alichokipata msikilizaji wa wakati ule.

Na zile karatasi za Scott? Mwaka 2008 wataalamu wa Marekani walichukua picha ya mojawapo, ya tarehe 9 Aprili 1860, wakaipitisha katika kompyuta, na wimbo wa Kifaransa uliokaa kimya miaka 148 ukasikika. Wakadhani aimbaye ni mwanamke au msichana. Mwaka uliofuata ikatambulikana kwamba walikuwa wakiuendesha kwa kasi mara mbili ya ilivyopasa. Ulipopunguzwa mwendo, ilitoka sauti ya mwanamume aimbaye polepole sana, na huenda ni Scott mwenyewe.